Milima Haikutani: Juu na Chini katika Muna Madan

Nepal inajulikana duniani kwa vilele vyake. Kati ya milima 14 inayozidi mita 8,000 ulimwenguni, minane imo nchini humo au imekaa juu ya mipaka yake. Mrefu kuliko yote, Sagarmatha, ambao wageni wameuzoea kwa jina la Everest, ulitangazwa mwaka 2020 kuwa na kimo cha mita 8,848.86. Tangu Tenzing Norgay na Edmund Hillary walipokikanyaga kilele hicho mwaka 1953, sehemu kubwa ya maandishi ya wageni kuhusu Nepal imekuwa maandishi ya kupanda: mtu, kamba, barafu, na bendera juu. Katika fasihi ya Wanepali wenyewe mlima una kazi nyingine. Huvukwa ili mtu afike upande wa pili, na mara nyingi anayeuvuka ameacha deni nyumbani.

Hakuna kazi inayolionyesha jambo hili kuliko Muna Madan, shairi la masimulizi la Laxmi Prasad Devkota lililotoka mwaka 1936. Ni kijitabu chembamba, nacho hupendwa na kuimbwa na Wanepali kuliko kitabu kingine chochote cha ushairi wao. Inasimuliwa kwamba Devkota, alipokuwa mgonjwa wa saratani na kifo kinamkaribia mwaka 1959, alisema kazi zake zote zaweza kuchomwa moto ila hii iachwe. Kauli hiyo ilitoka kwa mtu aliyeandika Shakuntala, utenzi mkuu wa kwanza katika Kinepali, kazi nzito iliyojaa elimu ya Kisanskriti. Wasomaji wengi huieleza kauli hiyo kwa kusema kwamba Muna Madan ni kisa cha mapenzi na majonzi, na majonzi hupendwa. Maelezo hayo hayatoshi. Nguvu ya shairi hili imo katika jiografia yake: linachukua ramani ambayo kila msomaji wa Kinepali aliijua, ya juu na chini, ya kwetu na kwao, kisha linaipindua bila kupaza sauti.

Nchi ya ngazi

Nepal haina bahari. India imeizunguka kusini, mashariki na magharibi, na kaskazini kuna Tibet, iliyo chini ya China. Eneo lake ni kilomita za mraba zipatazo 147,000, na upana wake kutoka kusini hadi kaskazini ni wastani wa kilomita zisizofika 200. Katika upana huo mdogo ardhi hupanda kutoka tambarare ya Tarai, ambayo sehemu zake hazifiki mita 100 juu ya usawa wa bahari, hadi penye theluji isiyoyeyuka. Wanepali huigawa nchi yao kwa maneno matatu: Tarai, uwanda wa joto, pahad, nchi ya milima isiyo na theluji ya kudumu, na himal, nchi ya theluji. Pahad yaweza kuzidi mita 3,000 na bado ikaitwa pahad. Mfasiri wa Kiswahili akiandika "vilima" mahali hapo, msomaji wake ataona vichuguu.

Ngazi hiyo ina nyufa. Baadhi ya mito mikubwa ya Nepal ina umri mkubwa kuliko milima inayoikata. Kali Gandaki, kwa mfano, hupita katikati ya Dhaulagiri na Annapurna, yote miwili ikizidi mita 8,000. Milima ilipokuwa ikiinuka, mto uliendelea kuchimba. Kaskazini mwa bonde la Kathmandu kuna mapito mawili yaliyofuata mabonde ya mito ya namna hiyo, Kuti na Kerung. Kwa karne nyingi chumvi, sufu, dhahabu na miski vilishuka kwa njia hizo kutoka Tibet, na nafaka, nguo na vyombo vya madini vikapanda. Wafanyabiashara wa Kinewari, wenyeji wa bonde la Kathmandu, walikuwa na maduka Lhasa na walikaa huko kwa miaka. Kuna wakati sarafu zilizotumika Tibet zilipigwa katika bonde hilo. Utajiri wa Kathmandu, pamoja na mahekalu na nakshi zinazowastaajabisha wageni hadi leo, haukutoka katika udongo wa bonde peke yake. Ulitoka pia katika bahati ya kukaa mbele ya mlango.

Lakini mlango kwa aendaye ni ukuta kwa abakiye. Wanewari walikuwa na wimbo wa zamani wa mke anayelalamika kwamba mumewe, ambaye hawajakaa pamoja hata mwezi, anataka kwenda Tibet. Katika wimbo huo ndimo Devkota alimopata kisa chake.

Kisa na barua

Madan, kijana wa Kathmandu, ana mama mzee, mke aitwaye Muna, na mkono mtupu. Anataka kwenda Lhasa kutafuta fedha alipe deni, amtimizie mama yake haja zake na aijenge nyumba upya. Muna anamsihi asiende. Kisha, akiona hasikii, anamwomba afuatane naye. Madan anakataa. Anamtajia magenge, misitu na baridi, na miguu yake Muna isiyozoea mawe. Mazungumzo hayo huchukua sehemu kubwa ya mwanzo wa shairi, na ndani yake kaskazini hutajwa kama nchi ya mauti.

Madan anakwenda na kufika salama. Lhasa inamteka kwa mapaa yake ya dhahabu na uzuri wa watu wake, naye anapitisha muda alioahidi. Anapozinduka na kuanza safari ya kurudi, ana dhahabu na miski. Njiani anashikwa na kipindupindu, na wenzake, watu wa kwao, wanamwacha msituni. Anayemkuta ni Bhote, yaani mtu wa Bhot, nchi ya juu ya Watibeti. Anambeba hadi nyumbani kwake na kumuuguza mpaka anapata nguvu. Madan anataka kumlipa dhahabu, Bhote anakataa. Ana watoto wasio na mama, na dhahabu haiwafai kitu.

Wakati huohuo, mjini Kathmandu, mhuni aliyemtamani Muna na kukataliwa anapeleka barua ya uongo kwamba Madan amekufa. Waswahili husema asiyekuwepo na lake halipo, na barua hiyo imejengwa juu ya ukweli huo: hakuna awezaye kuikanusha, kwa kuwa awezaye yuko upande wa pili wa milima. Muna anakufa. Madan anarudi na kumkuta mama yake akikata roho, kisha anaambiwa na dada yake habari za Muna, naye hadumu baada ya hapo.

Kinachoua na kinachookoa

Msomaji akikihesabu kifo baada ya kifo, ataona jambo ambalo huzuni ya shairi huelekea kulificha. Milima haimuui mtu yeyote. Magenge ambayo Madan alimtajia Muna, baridi ambayo Muna aliiogopa, yote yanapitwa, kwenda na kurudi. Madan anaangushwa na kipindupindu, ugonjwa wa maji machafu, ambao hauhitaji theluji wala kimo. Wanaomtupa ni wenzake wa safari. Mkewe anauawa na karatasi iliyoandikwa mjini, katika bonde lenye joto na mahekalu, ambako kila mtu alidhani ndiko kwenye usalama. Na wokovu pekee uliomo katika kisa kizima unatoka msituni, mikononi mwa mtu wa kaskazini, nchi ambayo mwanzo wa shairi uliifanya kuwa mauti yenyewe.

Uzito wa mpinduko huo hauonekani mpaka msomaji akumbuke sheria iliyotawala wakati huo. Muluki Ain, sheria ya nchi iliyotungwa mwaka 1854 chini ya Jang Bahadur Rana, iliwapanga watu wote wa Nepal katika ngazi moja ya matabaka ya kuzaliwa. Juu walikaa wavaao uzi mtakatifu, Wabrahmani na Wachetri miongoni mwao. Mbali chini yao sheria iliwataja Bhote katika kundi la wanywao pombe, tena upande wa wale ambao iliruhusu wafanywe watumwa kwa adhabu. Hivyo Nepal ilikuwa na ngazi mbili zilizosimama kinyume. Katika ngazi ya ardhi Bhote yuko juu, jirani na theluji. Katika ngazi ya sheria yuko chini, na anayekaa bondeni ndiye aliye juu. Devkota hakuhitaji kuitukana sheria. Alimchukua mtu wa juu kisheria akamlaza chini hoi, akamleta mtu wa chini kisheria amwinue.

Hapa uamuzi mmoja wa mtunzi unastahili kutazamwa kwa makini. Wimbo aliourithi ulikuwa wa Wanewari, na biashara ya Lhasa ilikuwa yao zaidi kuliko ya wengine. Angeweza kumwacha shujaa wake akiwa Mnewari. Alimfanya kuwa Mchetri, mvaa uzi. Kwa badiliko hilo kisa cha biashara kimekuwa kisa cha tabaka. Madan anapoishika miguu ya mwokozi wake na kutamka kwamba ukuu wa mtu uko moyoni wala hauko katika kuzaliwa, maneno hayo yanatoka kinywani mwa mtu ambaye sheria ilimpa haki ya kutoyasema kamwe. Waswahili nao wana usemi kwamba akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki. Kwa Devkota usemi wa namna hiyo ulikuwa na hatari, kwa sababu nchi yake ilikuwa imeandika katika sheria nani aweza kumgusa nani.

Hatari hiyo haikuwa ya kubuni. Mwaka 1920 Krishna Lal Adhikari alifungwa na serikali ya Rana kwa kitabu kuhusu kilimo cha mahindi, kwa kuwa watawala walisoma mafumbo katika habari zake za wadudu waharibifu, naye akafia gerezani. Aliyeandika miaka 16 baadaye alijua kwamba hoja lazima ivae nguo. Msomaji wa Kiswahili atamkumbuka hapa Shaaban Robert, aliyezaliwa mwaka uleule wa 1909 aliozaliwa Devkota. Yeye naye, chini ya utawala wa kigeni, aliiweka Kusadikika hewani, nchi isiyo na ardhi chini yake, akawatuma wajumbe pande zote ili wakirudi wafungwe kwa elimu waliyoileta. Waandishi hao wawili waliipa jiografia kazi ya wakili. Tofauti ni kwamba Shaaban Robert alibuni nchi ili aseme juu ya nchi ya kweli, na Devkota aliichukua nchi ya kweli, yenye mapito na majina yake, akaipanga hivi kwamba ardhi yenyewe ikatoa ushahidi dhidi ya sheria.

Mizani 16

Umbo la shairi lina mchango katika hoja hiyo. Washairi wasomi wa Nepal walitungia bahari za Kisanskriti, zenye kanuni za silabi ndefu na fupi. Devkota alichagua jhyaure, mwendo wa nyimbo za watu wa pahad, unaoimbwa mashambani na katika sherehe, ambao wasomi waliuona wa kishamba. Katika beti za utangulizi anautetea waziwazi kama mbegu ya nchi yenyewe.

Mshororo wa jhyaure una silabi 16, zinazogawanyika mara tatu: tano, tano, sita. Kwa mtu aliyekulia katika ushairi wa Kiswahili idadi hiyo ina sauti ya nyumbani, kwa kuwa mshororo wa shairi letu la kawaida nao una mizani 16, nane za ukwapi na nane za utao. Ila mgawanyo unatofautiana, na tofauti hiyo ndiyo inayofanya kazi. Nane kwa nane ni mizani ya swali na jibu. Inafaa hoja na majibizano, na ndiyo maana malumbano yetu yamestawi ndani yake. Tano, tano, sita ni mwendo wa mtu anayepumzika mara mbili kabla hajafika, na pumzi ya mwisho ni ndefu kuliko zilizotangulia. Kilio cha Muna cha kumsihi mumewe asiende kimepangwa juu ya pumzi hizo: neno linaanza, linasita, linaanza tena, kisha linamwagika.

Wasomaji wengi walio nje ya Nepal hulijua shairi hili kwa Kiingereza, hasa kupitia Michael Hutt, aliyetoa tafsiri na uchambuzi wake mwaka 1996. Ni kazi ya mwanazuoni makini, lakini Kiingereza hakina desturi ya kuhesabu silabi kwa namna hii. Kiswahili kinayo. Mfasiri wa Kiswahili angeweza kuitunza idadi kamili, akaamua kama auvunje mshororo mara tatu kama Devkota au auache ufuate njia ya ukwapi na utao. Uamuzi huo ungekuwa wa maana, kwa sababu ungeamua kama Muna analia au anajibizana.

Palipo na upungufu

Shairi lina mapungufu ambayo mapenzi ya wasomaji hayapaswi kuyafunika. La kwanza ni kwamba Bhote hana jina. Madan ana jina, Muna ana jina. Mtu anayebeba hoja nzima ya shairi anaitwa kwa kabila lake tu, kwa neno ambalo mjini lilitamkwa mara nyingi kwa dharau. Devkota anaigeuza dharau kuwa heshima, lakini hamgeuzi Bhote kuwa mtu mahususi. Wema wake umetolewa kana kwamba ni zao la hewa safi ya milimani, kama sufu na maziwa. Huo ni macho ya mtu wa bondeni. Anayeaminika kuwa mwema kwa sababu ya kimo anachokaa bado anahukumiwa kwa mahali alipozaliwa, ijapokuwa hukumu imekuwa ya sifa.

La pili ni Lhasa. Ina mapaa ya dhahabu na haina bei. Msomaji haoni duka, mizani ya dukani, mkopo wala mteja. Haelezwi Madan aliipataje dhahabu yake. Kwa kisa kilichoanza na deni, ukimya huo ni pengo.

La tatu ni Muna mwenyewe. Ana maneno mengi mwanzoni, na maneno hayo ni bora kuliko ya mumewe. Ombi lake la kufuatana naye ndilo suluhisho pekee la busara linalotolewa katika shairi zima. Njia iliyotajwa kuwa haifai kwa miguu yake imeonekana kuwa salama kuliko nyumba aliyoachwa ndani yake. Shairi linajua jambo hili, kwa maana matukio yake yanalithibitisha, lakini hakuna mhusika anayelitamka, wala Madan hapewi nafasi ya kulijutia kwa maneno. Hata hivyo, upungufu huu wa tatu una faida kwa msomaji wa leo: umemwachia hukumu aitoe mwenyewe.

Njia imegeuka

Biashara ya zamani ya Lhasa haikuishi muda mrefu baada ya mtunzi wake. Mabadiliko ya utawala Tibet katika miaka ya 1950, na uhasama wa China na India uliofuata, uliwatoa wafanyabiashara wa Kinewari katika maduka yao. Mwaka 1967 barabara ya magari iitwayo Araniko ilifunguliwa kutoka Kathmandu hadi mpaka wa Tibet, ikifuata ufa uleule wa mto. Lakini Madan wa siku hizi hapiti huko. Sensa ya mwaka 2021 ilihesabu Wanepali zaidi ya milioni 2 walioko nje ya nchi yao, na fedha wanazotuma zimekuwa zikikaribia robo ya pato la taifa. Wengi wako India, Malaysia na nchi za Ghuba. Pito la sasa ni uwanja wa ndege wa Kathmandu, ambako vijana hupanga foleni za kwenda Doha, Dubai, Riyadh na Muscat, na ambako majeneza hushushwa pia.

Ndiyo maana Muna Madan husomwa leo kama shairi la mfanyakazi wa ugenini, na usomaji huo ni halali. Deni, ahadi ya kurudi mapema, habari isiyoweza kuthibitishwa kutoka mbali: yote yamo. Lakini usomaji huo ukiishia kwa Madan na Muna, unaliacha shairi nusu. Humwona aendaye na abakiye, kisha humsahau wa tatu, mwenyeji wa njiani aliyeokota mgonjwa asiye wa kabila lake wala dini yake, akamlisha, akakataa malipo. Bila yeye shairi lingekuwa ombolezo zuri miongoni mwa maombolezo mengi. Naye ndiye anayelifanya liulize wasomaji wake, popote walipo njiani, ni nani walimpita akiwa amelala.

Miji ya Ghuba ndiyo mahali ambapo swali hilo linaweza kuulizwa kwa Kiswahili. Huko wasemaji wa Kiswahili, wengine wenyeji wa vizazi vingi na wengine wageni wa mkataba, wanafanya kazi katika majengo yaleyale na Wanepali, wanapanda mabasi yaleyale, na hawajui mashairi ya wenzao. Milima haikutani, binadamu hukutana, husema Waswahili. Na tafsiri ya Muna Madan kwa Kiswahili, ikija, haitakuwa na haja ya kupitia London. Inahitaji watu wawili tu wa mji mmoja, mmoja ajuaye jhyaure na mmoja ajuaye mizani, na jioni kadhaa za kuhesabu silabi hadi 16.